Mwongo, Mwandamo na Kipande

Mwezi Januari 1499, kwenye mafungu ya mchanga karibu na Mtang'ata, kusini ya mji wa Tanga wa leo, Wareno waliokuwa wakirejea kutoka Bara Hindi walishusha shehena ya merikebu yao São Rafael, wakaihamishia kwenye vyombo viwili vilivyobaki, kisha wakaitia moto. Merikebu ile haikushindwa vitani, wala mwamba haukuitoboa. Ilichomwa kwa kuwa mabaharia waliobaki hai hawakutosha kuendesha vyombo vitatu. Miezi tisa nyuma, Aprili 24, 1498, msafara huohuo wa Vasco da Gama ulitoka Malindi na rubani waliyepewa na mfalme wa mji ule, na baada ya siku 23 au 24 tu ukaiona nchi ya Bara Hindi. Safari ya kurudi ilikuwa habari nyingine. Waling'oa nanga kisiwani Anjediva Oktoba 5, wakatangatanga hadi Januari 2 ndipo wakaiona pwani ya Mogadishu. Ni karibu miezi mitatu juu ya maji. Watu wapatao 30 walikufa njiani kwa kiseyeye, na wenye nguvu ya kuvuta kamba walibaki saba au wanane katika kila chombo.

Bahari ilikuwa ileile na vyombo vilevile. Kilichobadilika ni siku ya kuondoka. Mwishoni mwa Aprili Kusi imeshaanza kuvuma, nayo humsukuma msafiri kutoka pwani yetu kuelekea Bara Hindi. Mwanzoni mwa Oktoba Kusi imekufa na Kaskazi haijasimama. Ni majira ambayo watu wa pwani huyaita tanga mbili, upepo ukija huku na kurudi kule, na siku nyingine usije kabisa. Vyombo vya kutoka Bara Hindi vilikuwa na desturi ya kungoja Kaskazi ishike ndipo vitweke matanga. Msomaji anaweza kusema kwamba Wareno hawakuichagua tarehe ile: walikuwa wamegombana na mtawala wa Calicut huko Bara Hindi, wakatoka pale Agosti 29 wakiwa na hofu. Ni pingamizi la haki, nami nalikubali nusu. Ugomvi uliwatoa Calicut. Haukuwatia katikati ya bahari. Hapo katikati walijitia wenyewe, na aliyeijua hesabu ya pepo za bahari hii angetafuta bandari ya kujificha hata akiwa na adui nyuma yake, maana alijua kwamba upepo haukimbizwi. Mabaki ya São Rafael yalikwisha kwa moto mbele ya watu wa Mtang'ata, ambao walikuja pwani kuwauzia Wareno kuku, na ambao mji wao ulikuwa umejengwa juu ya ujuzi huohuo uliowakosa wageni wao. Makaburi yao ya mawe na msikiti wao vingali vinaonekana Tongoni.

Ujuzi huo ulikaa katika kalenda. Watunzi wa hadithi za kubuni hupenda kuumba ulimwengu wenye kalenda yake, ambamo wachache wenye siri huushika wakati, huufunga na kuufungua, na wengine wote huishi kwa amri yao. Kwa hadithi kama hizo pwani ya Tanga haina haja ya kuazima, maana kalenda ya namna hiyo ilikuwako hapa kweli, tena si moja. Hoja yangu ni hii: kila hesabu ya siku imebuniwa na watu kwa ajili ya kazi fulani, na watu wa pwani hii waliweka hesabu kadhaa pamoja kwa karne nyingi, kila moja na kazi yake na wenyewe wake, bila moja kuila nyingine. Walioandika habari zao kutoka nje waliona mchanganyiko. Mimi naona mpango, na naamini mpango huo ulivunjika si kwa sababu hesabu zilikuwa mbovu, bali kwa sababu hesabu iliangukia mikononi mwa watu ambao kazi yenyewe hawakuifanya.

Tuanze na ile ya bahari. Mwaka wa Nairuzi, au mwaka wa Kiswahili kama wengi walivyouita, ni mwaka wa jua wenye siku 365 kamili. Haugawanywi kwa miezi. Hugawanywa kwa miongo, yaani makumi: siku kumi ni mwongo mmoja, miongo 36 ni siku 360, kisha zinabaki siku tano za kufungia mwaka. Siku ya mwisho ni kibunzi, wengine husema kigunzi, na inayofuata ni Siku ya Mwaka. Nahodha hakusema nitaondoka mwezi fulani tarehe fulani. Alitaja mwongo, au alitaja idadi ya siku tangu Siku ya Mwaka: themanini ya Nairuzi, mia, mia na kumi. Katika hesabu hiyo kila jambo la bahari lilikuwa na namba yake: siku Kaskazi inaposhika, siku Kusi inapokuwa kali mno kwa jahazi kutoka, siku bahari inapolainika wakati wa Demani. Ahmad ibn Majid wa Julfar, bingwa wa elimu ya bahari aliyeandika kitabu chake kikubwa cha ubaharia mnamo mwaka 1490, aliwapa manahodha majira ya kuondoka bandari moja kwenda nyingine kwa namba za siku za Nairuzi. (Wapo wanaosema ndiye aliyemwongoza Vasco da Gama kutoka Malindi. Ushahidi hauwaungi mkono, na hadithi hiyo ingefaa kuachwa.) Wakulima nao waliishika hesabu hiyohiyo kwa Masika, Mchoo na Vuli, na juu yake wakaweka kioo cha kuipimia: nyota za Kilimia. Methali ya kwamba Kilimia kikizama kwa jua huzuka kwa mvua, na kikizama kwa mvua huzuka kwa jua, si pambo la maneno. Ni chombo cha kazi, kilichofungwa katika maneno ili mtoto asikisahau.

Hapa hutokea pingamizi la kwanza, na ndilo lililoenea zaidi: kwamba hesabu hii si ya pwani, ni ya Uajemi, na Waswahili waliipokea tu. Jina Nairuzi kweli ni la Kiajemi, maana yake siku mpya. Mwaka wa siku 365 usio na siku ya nyongeza ulikuwa wa Waajemi wa kale, nao pia waliufunga kwa siku tano za ziada, ambazo Wazoroasta huziita Gatha. Undugu huo haupingiki, na ndio unaotajwa kila mara watu wa pwani wanapojiita Washirazi. Lakini tazama kilicho ndani. Mwaka wa Waajemi ulikuwa na miezi 12 ya siku 30, na kila mwezi na kila siku ya mwezi ilikuwa na jina lake, aghalabu la kiumbe kitukufu cha dini yao. Pwani haikuchukua majina hayo hata moja. Ilichukua mfupa wa hesabu ikautupa mwili wote, halafu ikaujaza kwa neno lake yenyewe. Mwongo ni neno la Kibantu, neno la kale la kumi, na lingali hai: leo mtu wa ofisini akisema muongo mmoja wa maendeleo anamaanisha miaka kumi, na hajui kwamba anatumia kipimo cha nahodha. Aliyepokea kalenda bila kuielewa huibeba pamoja na majina yake. Anayeivua majina, akabakiza muundo, akaupanga upya kwa makumi yanayofaa kuhesabiwa kwa vidole katika jahazi lenye giza, huyo ameifahamu kiasi cha kuibuni tena.

Makumi hayo yana ndugu zao duniani. Wamisri wa kale walikuwa na mwaka wa makumi 36 na siku tano, na kila kumi walilitambua kwa nyota zake. Katika Ghuba na Oman ipo hesabu ya durur, inayogawa mwaka kwa makumi kuanzia Agosti, nyota ya Suheli inapochomoza alfajiri. Lakini mfano unaofundisha zaidi ni wa Ufaransa. Mwaka 1793 serikali ya mapinduzi iliifuta kalenda ya zamani ikatunga mpya: miezi 12 ya siku 30, kila mwezi makumi matatu, na mwishoni siku tano, au sita katika mwaka mrefu. Kwa hesabu tupu, ni mwongo wetu uleule, 36 na tano. Ilitungwa na wataalamu, ikaamriwa na dola, ikachapwa na kutangazwa kila mahali. Januari 1, 1806 ilikuwa imekwisha futwa. Sababu mojawapo ni rahisi: kumi lile lilitaka kuiua wiki. Mfanyakazi aliyekuwa akipumzika kila siku ya saba aliambiwa sasa apumzike kila siku ya kumi, na Jumapili yake ikawa kosa. Mwongo wa Mswahili haukuwahi kugombana na Ijumaa ya mtu. Hakuna aliyeuamuru, nao ulidumu karne kwa karne, kwa kuwa ulijua mahali pake: bahari na shamba, basi.

Pingamizi la pili ni la wataalamu wa hesabu. Mwaka wa siku 365 bila siku ya nyongeza humpungukia jua robo ya siku kila mwaka, kwa hiyo hurudi nyuma siku moja katika miaka minne. Wanauliza: kalenda inayoteleza inafaa nini kwa mkulima na nahodha, ambao kazi yao ni kufuata majira? Mtelezo huo ni kweli tena unaonekana. Walioandika habari za pwani katika nusu ya pili ya karne ya 19, kama Askofu Edward Steere katika kitabu chake cha mafunzo ya Kiswahili cha mwaka 1870, waliikuta Siku ya Mwaka mwezi Agosti. Siku hizi sherehe yake ya Mwaka Kogwa huko Makunduchi, Unguja, hufanyika Julai. Ukiirudisha hesabu hadi enzi za Ibn Majid, Nairuzi inaangukia Novemba, ndipo Kaskazi inapoanza kujongea, na si vigumu kuona kwa nini mtu wa bahari angependa mwaka wake uanze hapo.

Jibu lipo katika mwongo wenyewe. Robo ya siku kwa mwaka ni siku kumi kwa miaka 40. Yaani katika muda wote ambao nahodha anafanya kazi, tangu apande jahazi kijana hadi aache usukani mzee, kalenda yake inateleza mwongo mmoja tu. Mzee anayemkabidhi mwanawe hesabu ya pepo ana sahihisho moja la kufanya maishani mwake, na sahihisho hilo ni namba nzima, si vipande vya siku. Wala upepo haufiki kwa tarehe: Kaskazi inaweza kutangulia au kuchelewa wiki nzima, na kalenda iliyo sahihi kupita upepo unaopimwa nayo haimwongezei nahodha kitu. Ilinganishe na mwaka wa mwezi, ambao ni mfupi kuliko mwaka wa jua kwa siku 11 hivi. Nahodha aliyejua kwamba alivuka salama katika Mfungo Sita, akarudia mwezi uleule miaka tisa baadaye, angejikuta zaidi ya miezi mitatu nje ya majira. Kwa kazi ile Nairuzi ilitosha. Naona dosari iliyotajwa na wataalamu ni ya kitabuni zaidi kuliko ya baharini.

Lakini mwezi nao ulikuwa na kazi zake, na watu wa pwani hawakumpa jua kazi za mwezi. Ibada ilifuata mwandamo, na hapo pia waliupanga mwaka kwa namna yao. Badala ya kuanza na Muharram, walihesabu kuanzia mwisho wa saumu: Shawwal ni Mfungo Mosi, Dhulkaada Mfungo Pili, Dhulhija Mfungo Tatu, na hivyo hadi Mfungo Kenda, kisha Rajabu, Shaabani, na Ramadhani yenyewe. Mwaka wote umetundikwa kwenye Ramadhani kama nguo kwenye kamba. Mvuvi naye ni mtu wa mwezi. Bamvua huja mwezi ukiwa mpya na ukiwa mpevu, maji yakajaa sana na kupwa sana. Hapo ndipo wanawake wa vijiji vya pwani, kuanzia Mkinga hadi Pangani, huenda mwambani kuchokoa pweza. Siku za maji mafu hakuna sababu ya kwenda. Anayeishi kwa mwamba hana haja ya kuulizwa ni siku ya ngapi ya Nairuzi, anaangalia juu. Kwa hiyo katika nyumba moja nahodha angeweza kuhesabu miongo, mkewe bamvua, na wote wawili Mfungo, na hakuna kati yao aliyemwona mwenzake mjinga.

Ushahidi wa kukaa pamoja huku haupo katika vitabu tu, umo vinywani mwetu kila wiki. Siku za wiki zinahesabiwa kuanzia kesho ya Ijumaa: Jumamosi, Jumapili, Jumatatu, Jumanne, Jumatano. Inayofuata ingekuwa ya sita, lakini ni Alhamisi, ambayo kwa Kiarabu ni ya tano. Wiki ya Mswahili ina siku mbili za tano zinazofuatana, moja kwa hesabu yake na moja kwa hesabu ya Waarabu, na katika karne zote hizo hakuna aliyepotea njia ya msikitini kwa ajili hiyo. Siku ilianza jua linapozama, ndiyo maana usiku wa Ijumaa ni ule unaotangulia Ijumaa. Saa nazo huanza jua linapochomoza na linapotua: saa moja asubuhi ni saa ya kwanza ya mwanga. Tanga iko nyuzi tano hivi kusini ya Ikweta, na tofauti kati ya mchana mrefu kabisa na mfupi kabisa wa mwaka haifiki dakika 40. Kwa nchi kama hii kuanzia saa kwenye mawio ni kipimo cha akili kabisa; Waethiopia, walio na mwaka wao wa miezi 13, nao huhesabu saa vivyo hivyo. Ni katika nchi za baridi kali, ambako jua la Desemba na la Juni hayafanani hata kidogo, kipimo hicho kingesumbua.

Nguvu ya kuushika wakati, ile wanayoitafuta watunzi wa hadithi, hapa ilikuwa mikononi mwa walimu. Neno mwalimu lenyewe lilikuwa na uzito kwenye vyombo: lilikuwa jina la yule anayejua njia na nyota. Nchi kavu, mwalimu wa falaki aliulizwa siku ya kuanza safari, ya kuoa, ya kuweka msingi wa nyumba. Mtoro bin Mwinyi Bakari wa Bagamoyo, ambaye habari zake za desturi za Waswahili zilichapwa Ujerumani mwaka 1903, aliyaeleza mambo haya bila haya na bila kushangaa, kwa kuwa kwa watu wake yalikuwa sehemu ya elimu. Msomaji wa leo atauliza kama falaki ya nuksi na saadi haikuwa ushirikina mtupu. Sehemu yake ilikuwa kubahatisha, na masheikh wengine waliikemea, kama walivyozikemea shamrashamra za Siku ya Mwaka: kuzima moto wa nyumba zote na kuuwasha mpya, kuoga baharini, kumzungusha ng'ombe mjini kabla ya kuchinjwa. Ila tusiutupe mti kwa sababu ya kamba ya mtambaazi iliyousonga. Mtu yuleyule aliyetoa siku ya bahati ndiye aliyejua kwa hakika ni mwongo wa ngapi, na hakika hiyo iliokoa vyombo.

Kwamba hesabu hizi zilikuwa na uzito wa kisiasa, Pangani ilidhihirisha mwaka 1888. Aprili mwaka huo Sultani Khalifa bin Said alikubali kuikabidhi Kampuni ya Wajerumani ya Afrika Mashariki uendeshaji wa pwani, na mkataba ukawekewa siku ya kuanza: Agosti 16. Tarehe hiyo ilitoka katika kalenda ya makarani. Katika kalenda za Pangani wiki hiyo ilikuwa ya Idi ya Mfungo Tatu, na Siku ya Mwaka nayo iliangukia mwezi huohuo wa Agosti. Mwaka wa mwezi huuzunguka mwaka wote wa jua kwa takriban miaka 33, kwa hiyo Idi hiyo na Siku ya Mwaka kukaribiana hivyo ni jambo ambalo mtu huliona mara moja au mbili maishani. Mji ulikuwa umejaa watu wa mashambani na wa bara waliokuja kwa sikukuu, pamoja na wapagazi. Ndani ya umati huo mwakilishi wa Kampuni, Emil von Zelewski, alipandisha bendera, na askari wa manowari Carola wakashuka. Habari za msikiti kuvunjiwa heshima zikaenea. Wiki chache baadaye pwani yote ilikuwa vitani, na jina la kiongozi wa vita hivyo, Abushiri bin Salim, likasikika Ulaya.

Sitaki kuipa kalenda zaidi ya haki yake. Ushuru, ardhi, bendera na jeuri vilitosha kuleta vita mwezi wowote. Lakini Kampuni iliyojiona inatwaa mji siku ya kawaida iliutwaa siku ambayo haikuwa ya kawaida hata kwa mtoto, na haikuwa na mtu wa kuiambia, au ilikuwa naye haikumsikiliza. Ni kosa la jamii moja na lile la Oktoba 1498: kuingia katika wakati wa watu wengine kwa tarehe yako. Safari hii, hata hivyo, waliokosea walikuwa na bunduki nyingi. Abushiri alinyongwa Pangani Desemba 15, 1889. Kwa hesabu ya pwani ulikuwa mwezi wa Mfungo Saba, mwaka 1307, na ni mwaka huo, 1307, ambao Hemedi bin Abdallah al-Buhriy aliutia katika jina la utenzi wake juu ya vita vile. Vita vilikuwa vimekwisha kwa ushindi wa Wajerumani. Tarehe yake bado ilikuwa ya Mrima, yaani ya pwani hii.

Baada ya hapo kalenda mpya ilishuka kwa njia nyingi, na si zote zilikuwa za mabavu. Wamisionari wa Magila, Muheza, walichapa gazeti lao katika miaka ya 1890 wakaliita Habari za Mwezi. Shule ya serikali ya Tanga ikachapa Kiongozi mwanzoni mwa karne ya 20. Reli iliyoanza kujengwa Tanga mwaka 1893 ilikuja na saa zake. Watu walizipokea hizo kama walivyopokea nyingine, wakazitia katika mtindo wao: mpaka leo wengi wetu husema mwezi wa nane kabla ya kusema Agosti, kama vile tulivyosema Mfungo Mosi na Jumamosi. Kiswahili hupenda kuhesabu wakati kuliko kuupa majina, na kalenda ya Ulaya ilikaribishwa kwa masharti hayo.

Iliyokuwa ya namna nyingine kabisa ni kalenda ya mashamba ya mkonge. Mwaka 1893 Richard Hindorf aliingiza miche ya mkonge. Iliyofika hai ilikuwa 62, ikapandwa Kikokwe, karibu na Pangani. Kutokana na miche hiyo sehemu kubwa ya mkoa wa Tanga iligeuka shamba, na shamba likaleta kipande. Kipande kilikuwa kadi yenye nafasi 30. Mfanyakazi aliyemaliza kazi yake ya siku aliwekewa alama moja. Asiyeimaliza, aliyeumwa, aliyezika mzazi, hakuwekewa. Mshahara wa mwezi ulitoka alama zote 30 zilipotimia. Tazama jambo lililotendeka hapa. Huo ulikuwa mwezi usiofuata mwezi angani wala kalenda ukutani. Mtu mmoja aliweza kuumaliza kwa wiki tano na mwingine kwa sita. Ulirefuka kwa ugonjwa na kwa ukali wa msimamizi, na urefu wake ulijulikana siku ulipokwisha tu. Ukitafuta katika historia ya pwani hii uchawi wa kuusimamisha wakati, sidhani utaukuta kwa mwalimu wa falaki. Utaukuta katika kadi ile, ambamo siku ambayo mtu aliiishi kweli, kwa njaa na jasho lake, iliweza kutangazwa kuwa haikuwapo.

Wenye kuitetea kalenda moja watasema kwamba dola la kisasa, treni na benki haviwezi kuendeshwa kwa miongo, na kwamba kuililia Nairuzi ni kutaka kurudi utumwani kwa pepo. Sitaki treni iondoke kwa mwongo. Hoja yangu haikuwa kwamba hesabu ya pwani ifanye kazi zote, bali kwamba haikuwahi kudai kuzifanya zote. Kalenda ya ofisi inafaa ofisini. Haimwambii mchokoa pweza wa Tongoni ni lini maji yatatoka mbali, wala haimwambii mwenye mashua wa Moa kama upepo wa wiki ijayo ni wa kuaminiwa. Na sasa, mvua za Vuli na Masika zinapozidi kuyumba, kumbukumbu ya ni mwongo upi mvua ilianza zamani ni kipimo ambacho wataalamu wa hali ya hewa wangekihitaji, kwa kuwa rekodi za mvua zilizoandikwa za pwani hii hazirudi nyuma sana.

Kazi hiyo haihitaji fedha nyingi. Inahitaji daftari na uvumilivu. Walimu wa shule za Pangani, Muheza, Mkinga na Tanga mjini wanaweza kuwatuma wanafunzi kwa manahodha na wakulima wazee na maswali machache: Siku ya Mwaka iliangukia lini ulipokuwa kijana? Kaskazi ilishika mwongo wa ngapi? Ulipanda siku ya ngapi ya Nairuzi, na ni nani aliyekufundisha kuhesabu? Majibu yaandikwe pamoja na mahali na mwaka, yahifadhiwe panapofikika na watu. Wanaoweza kujibu maswali hayo ni wazee, na kila Siku ya Mwaka inayopita wanapungua.